Bazungu Banalala Chini ya Shitingi

Ixelles, Bruxelles, tarehe 10 Machi 2024

Koko Émérance, bibi yangu wa kwanza,

Kama utasikia batu mu soko ya Kadutu banasema pori yote ya Ubelgiji imepata mufalme mupya, usiulize jina yake. Ni mimi Josias, mujukuu yako na bwana yako. Miti ikiniona inasimama droit. Mbwa ya pori ya huku, banasema iko chache tu mu inchi muzima, na hizo chache zimeshahama juu zimesikia ninakuya.

Nakusalimia goti moya chini. Ile ingine nimeiumiza, ni hadithi ya vita, nitakuelezea siku ingine. Masikio yako inaendelea aje? Mama yangu, Maman Carine, anasema tukuite ku simu, tuweke na video. Nikamujibu: maman, kuita Koko ku simu ni kama kuita ukuta, na ukuta angalau haikatize mutu. Donc naandika. Barua nitaipeleka kwa Maman Antoinette wa salon ya nywele, mu Galerie d'Ixelles. Kila mwanamuke mwenye kupanda ndege ya kwetu anapita pale kusuka. Antoinette anangoja nusu ya kichwa iishe, ndipo anamuuliza: "Utanibebea ka-enveloppe?" Nani atakataa na nusu ya kichwa?

Maman Carine iko muzima, anaogesha bazee ya bazungu kutoka asubui mpaka jioni na bazee banamupenda kuliko batoto yabo. Dada yangu Keren anaendelea na masomo. Masomo na mimi tuliachana kwa amani, bila juge.

Papa sasa. Tangu ile mugongo imuangushe mu mwezi ya décembre, pale alikuwa anasukuma mashini ya kusafisha ku hospitali ya Woluwe, munganga alimuambia apumzike. Papa alioa ile mapumziko, ndoa ya kanisa, mpaka kifo. Iko mu fauteuil, rideau imefungwa, télé inacheza bila sauti. Siku ya Mungu anaenda misa, anarudi, anafunga rideau. Jua ya huku yenyewe ni kidogo, ye anaikatalia na ile kidogo. Ukimuuliza kitu anasema "mm". Nimehesabu: kuko "mm" ya ndiyo, "mm" ya hapana, na "mm" ya uniondokee.

Bon, sasa ufalme wangu. Nilikuwa nasaidia mutu ku soko ya vitu ya zamani, akakuya mama mumoya muzungu, Madame Godelieve, mwalimu wa hesabu mwenye alipumzika kazi, miaka soixante-sept, sitini na saba ile, miguu kama ya mbuzi. Ananunua sufuria ya basoda, ile ya jeshi ya zamani. Ananiuliza: "Unatoka wapi?" Nasema: "Kivu." Macho yake ikawaka: "Ah! La forêt!" Koko, ningejibu nini? Pori niliiona mara moya, mu dirisha ya bus, na nilikuwa nimelala. Nikamuambia: "Madame, nilizaliwa ndani yake."

Alors iko na kundi ya rafiki yake, batu kumi na moya, bakubwa bote. Kila mwezi banapanda train mpaka pori ya Ardennes, banatembea na mizigo ku mugongo kama batu banakimbia vita, lakini bananyamaza na kutabasamu. Bakifika, banatoa viatu, banakanyaga matope kwa makusudi, eti miguu ikumbuke. Inakumbuka nini? Hawajui. Kisha banaingia mu mutoni, maji baridi kama roho ya propriétaire, mwenye nyumba wetu, banatoka bekundu, banasema "quel bonheur", furaha gani hii. Kisha banafunga shitingi kati ya miti na banalala chini. Shitingi, Koko! Ile plastiki ya kugawia bakimbizi! Na kila mumoya iko na nyumba ya vyumba tatu, na chauffage ya kuleta joto! Banasema hii ndiyo liberté, uhuru. Lakini mbele ya ile liberté kuko kibao: kulala siku mbili tu, moto mu duara ya mawe tu, mbwa bafungwe kamba. Pori ya huku iko na règlement kuliko bureau ya commune.

Bakanifanya chef wa moto, juu nilizaliwa ndani. Kuni ilikuwa imelowa. Nilichoma journal muzima, kisha nusu ya nyushi yangu. Ilitoka moshi tupu. Bazungu bakakaa kimya kwa heshima, bakafikiri ni coutume, mila ya kwetu.

Koko, nisaidie mbele bajue uongo yangu. Kuni ya maji unaiwasha aje? Jibu mbio.

Bwana yako asiyeshindwa,
Josias

*

Bukavu, Kadutu, 21 Aprili 2024

Josias, mume wangu uliyeshindwa na kijiti,

Barua yako imefika ikinuka mafuta ya nywele, nikadhani umeniletea mwanamke wa pili ndani ya bahasha. Nakusalimu, wewe na goti lako. Goti hilo najua uliliumiza ukishuka ngazi unatazama simu. Usinidanganye, nilikubeba mgongoni miaka minne, najua jinsi unavyoanguka.

Hapa tupo. Mvua ya mwezi huu imechukua choo cha jirani yetu Donat. Kilishuka mlima mzima, mlango umefungwa, kimesimama wima kama askofu. Tunamshukuru Mungu hakukuwa na mtu ndani. Mimi masikio yamefunga duka kabisa. Kwaya ya kina mama imeniondoa, wanasema ninaendelea kuimba wakati wao wameshaketi. Nikawaambia: basi ninyi ndio mnaotangulia kuchoka mbele ya Mungu. Hata hivyo wameniondoa.

Unawaambia Wazungu ulizaliwa porini. Ulizaliwa hospitali, kitanda cha karibu na dirisha, na siku ya tatu ulilia mpaka manesi wakaja wote kwa sababu sisimizi mmoja alikutembelea. Mmoja.

Moto wa kuni mbichi siwezi kukufundisha kwa kalamu. Fundi unaye hapo nyumbani, ameketi kwenye kiti. Mwulize babako. Tulipokimbia vita mwaka wa tisini na sita, tukalala porini wiki nyingi, alikuwa na miaka kumi na miwili, na watu wazima walikuwa wanakaa na kumngoja yeye awashe. Mvua inanyesha, yeye anawasha. Alikuwa na mikono ya mchawi.

Nikuchekeshe kidogo. Shitingi yetu ilikuwa ni yeye anayeibeba, na aliibeba kichwani, imemfunika mpaka magotini, hataki kuitua hata jua likitoka. Anatembea pole pole, anaivuta nyuma. Mimi ndiye nilimwita Bibi Arusi. Wote wakalishika jina. "Bibi Arusi, bwana yako yuko wapi?" Njia nzima ilicheka. Mwanamke mmoja alikuwa na uchungu wa kuzaa, naye akacheka. Bila kicheko kile sidhani kama tungefika.

Sasa nikuambie neno langu. Mwanangu hajaniandikia tangu Noeli. Yeye ambaye aliandika kila mwezi, hata kama ni mistari mitatu. Mtoe nje, Josias. Mtu si muhogo wa kuloweka gizani. Hao Wazungu wako wana wazimu, lakini ni wazimu wenye hewa. Mpeleke huko, aketi mahali penye upepo, akanyage udongo. Sikuombi kitu kingine mwaka huu. Ukifaulu, nitakuruhusu kuoa mke wa pili, na harusi nitakuja kuimba, wapende wasipende.

Bibi yako,
Émérance

*

Ixelles, tarehe 2 Juni 2024

Koko, mukubwa wa kwaya ya mutu mumoya,

Nakusalimia goti mbili sasa, imepona. Maman Carine anakusalimia. Keren alisoma barua yako, alicheka choo ya Donat mpaka akamwaga chai. Anauliza kama mulango ilikuwa imefungwa kwa ndani. Swali ya akili ile.

Anza kutafuta robe ya arusi yangu. Nimefaulu!

Sikia vile mutu ya akili anafanya. Sikumuambia papa "tuende inje, itakufaa". Ile ni dawa, na papa anatema dawa. Nilikaa mu salon mbele ya télé yake na vijiti kumi ya balcon, imelowa, na kisu ya jikoni, nikaanza kujifanya mujinga. Unasema si kazi ya nguvu kwangu, nakusikia. Nikakata vibaya, nikapumua kama ngombe. Papa akasema "mm". Nikaendelea. Akasema "mm" ingine, ile sikuwa naijua. Kisha akazima télé. Koko, alizima télé!

"Unafanya nini?"

"Papa, bazungu banatafuta niwashe moto na kuni ya maji."

"Na weye ulibaambia unajua?"

"Nilibaambia nilizaliwa ndani ya pori."

Akaniangalia sana. "Utaua bazungu ya batu," akasema. Akachukua kisu. Kijiti ile akaipasua kati, akanionyesha: inje maji, ndani kavu, nyeupe kama mukate. Akasema: "Mvua haifikake ku moyo ya muti. Tafuta moyo." Hatukuiwasha juu propriétaire anaishi chini na iko na pua kama ya polisi.

Siku ingine, namutafuta papa mu fauteuil, hayuko. Tukaogopa. Saa mbili kisha anaingia na matope ku viatu mpaka ku kisigino. Alienda peke yake na bus mpaka pori ya Soignes, kuchagua vijiti, eti yangu ya balcon ni takataka. Ile matope ilipita ku carrelage yote ya chini. Maman Carine, mwenye kutugombeza juu ya punje moya ya muchele, aliangalia ile matope, akaketi, akalia. Hakupangusa mpaka jioni.

Donc amekubali. Samedi tarehe six Julai tunapanda train na Madame Godelieve na kundi yote. Amesema ataenda juu ya kuzuia aibu ya familia. Weka tarehe mu kichwa yako: six Julai mwana wako atakuwa mu upepo.

Na ile jina ya Bibi Arusi, Koko, asante! Papa yangu mwenye sura ya katekista, ati Bibi Arusi! Sijamuambia bado kama najua. Naiweka kama dessert, utamu ya mwisho. Siku ile mu pori, bote bakiwa pale, nitaitoa, na tutacheka kama mulivyocheka mu njia.

Fiancé wako,
Josias

*

Bukavu, 18 Juni 2024

Josias,

Leo ninaruka salamu, utanisamehe, Mignonne, binti wa Donat, anaondoka kuja huko kwenu na ninaandika juu ya goti.

Jina lile liache. Nilikosea kukuandikia. Mimi na wewe tunatukanana kwa sababu ni haki yetu, bibi na mjukuu, ndivyo watu wetu walivyotupa: wewe ni mume wangu, ninaweza kukuita mjinga na jua halitaanguka. Baba na mwana hawana haki hiyo. Mtoto hamchezei baba yake. Hilo ulipaswa kulijua, na mimi nilipaswa kukumbuka kwamba umekulia mbali.

Usilitamke nyumbani. Usilitamke porini. Zaidi ya yote usilitamke mbele za watu. Usiniulize kwa nini. Nicheke mimi, nitukane mimi kurasa kumi, nitafurahi.

Mignonne anapanda ndege Kigali tarehe ishirini na saba. Barua hii itakufikia mapema. Nijibu kwamba umeipata.

Koko

*

Ixelles, tarehe 21 Julai 2024

Koko Émérance,

Salamu nyingi. Hapa leo ni fête ya inchi, bendera kila mahali, na ndege ya basoda inapita juu ya nyumba. Natumaini uko muzima, na Donat amejenga choo ingine mbali na mlima. Mignonne yake bado hatujamuona. Banasema amekwama Kigali juu ya karatasi moya yenye haina muhuri. Kama ulimupatia barua, bado nangoja.

Alors, six Julai. Ungekuwa pale! Mu train papa alivaa ile veste ya misa, bazungu bote bakiwa na suruali ya kukatika. Madame Godelieve akamupatia mukono, akamuambia: "Josias anasema ni weye maître, fundi wa moto." Papa akasema "mm", lakini ile ya mutu amefurahi. Tulitembea saa tatu. Papa alikuwa mbele. Mugongo? Mugongo gani! Mimi mufalme nilikuwa wa mwisho, na kikohozi, na mutu wa miaka soixante-sept ananibebea sac. (Hii usimusomee Donat.)

Ku mutoni alitoa viatu yeye mwenyewe, hakuna mutu alimuambia. Akakunja suruali, akaingia mpaka ku magoti, akasimama pale na mikono ku kiuno, anaangalia maji inapita. Bazungu bakaanza kutetemeka, banatoka. Ye anabaki. Nikamuuliza: "Papa, si baridi?" Akasema: "Nyamaza, nasikiliza." Bon, nilinyamaza, mara ya kwanza mu maisha yangu.

Kisha moto. Kuni ilikuwa na maji mpaka inalia. Papa alipasua, akapanga vijiti kidogo kama kanyumba, allumette moya. Moya! Ikashika. Bazungu bakapiga makofi, na mumoya wabo, mwenye kuwa munganga wa meno, akaomba arudilie tena, anafilme. Papa akacheka. Nasema kicheko, Koko, na meno. Alibaelezea muti gani inatoa moshi, muti gani inalia, muti gani usilalie karibu yake. Bazungu bananyamaza kama mu catéchisme. Hata mimi sikuwa najua papa anajua maneno mingi vile mu Français.

Alikula viazi ya ku makaa, tatu.

Kisha mvua ikakuya, kama saa kumi ya jioni. Bakafunga shitingi. Papa akarudi. Alifuata barabara mpaka ku arrêt ya bus, akapanda train peke yake, akafika ku nyumba mbele ya giza. Sisi tulirudi kesho yake.

Ni juu ya mvua. Unajua mvua na mugongo.

Sasa iko mu fauteuil. Rideau imefungwa. Madame Godelieve alileta ile sufuria ya basoda, zawadi kwake, papa hakutoka ku mulango. Mimi hanisemeshe. Tukiwa ku meza anasema: "Keren, ambia kaka yako apitishe chumvi." Kaka yake iko mbele yake, Koko, chumvi iko mu mukono yangu. Ni mvua tu. Itapita.

Habari ingine: nimeacha kuwa chef wa moto. Kazi mingi.

Josias

*

Bukavu, 1 Septemba 2024

Kwa Josias, mjukuu wangu,

Salamu kwa mamako, kwa Keren, kwa babako. Mwambie babako maharage yametoka vizuri na kaburi la babu yake limefyekwa. Mimi ni mzima, ninakula.

Nimesoma barua yako mara nne. Unaandika kuhusu viazi vitatu. Unaandika kuhusu daktari wa meno. Ukifika kwenye mvua unaandika mistari mitatu na kukimbia. Ninakufahamu, wewe husemi kidogo isipokuwa umevunja kitu.

Nilikuambia usiniulize kwa nini. Sasa nitakuambia bila kuulizwa.

Babako alikuwa na mdogo wake wa kike, Espérance, miaka minne. Hukuwahi kusikia jina hilo nyumbani kwenu, najua. Alikuwa na homa siku sita. Alifia njiani, ndani ya shitingi hiyo tuliyomfunika, babako akiwa amembeba. Watu walisema tumzike nayo. Mvua ilikuwa inanyesha na nilikuwa nimebaki na watoto wengine watatu. Nikamtoa mtoto ndani yake, nikamzika katika kitenge changu, na shitingi nikaiweka juu ya kichwa cha babako. Tangu saa ile hakuitua. Ndiyo maana jua likitoka alikuwa bado amejifunika.

Siku mbili hakuna aliyesema neno katika njia ile. Watu walikuwa wanaketi chini na hawainuki. Nikamtazama mwanangu anakokota kile kitambaa, nikasema Bibi Arusi. Kilikuwa kicheko changu, Josias. Mimi mama ndiye niliyekuwa na ruhusa ya kukitoa, na hata mimi sina hakika. Yeye alinikubalia. Hajawahi kuniambia kama ilimwuma. Hata mimi sijawahi kumwuliza.

Basi nijibu bila mizaha, neno moja linatosha. Barua yangu ya Juni ilikufikia? Ulilitamka jina?

Émérance

*

Ixelles, tarehe 13 Oktoba 2024

Koko yangu,

Nakusalimia. Huku majani imeanza kuanguka, bazungu banaichukua picha. Maman Carine amepata mafua ya bazee yake. Keren ameshinda prix ya hesabu, sasa anatembea mu nyumba kama ministre. Antoinette amebadilisha bei ya kusuka na bamama banamutukana, lakini banaketi. Nimeota ndevu, kumi na saba, ninazijua moya moya. Mufalme bila ndevu si mufalme.

Mignonne alifika tarehe trente Julai, wiki tatu na zaidi kisha ya pori. Alileta barua yako mwenyewe mpaka ku nyumba, aliomba musamaha juu ya Kigali. Nilimupatia Fanta. Nikaisoma ku escalier, nimeketi ku ngazi. Tarehe trente, Koko. Donc hata ungeandika mu dhahabu, ilikuwa imeshachelewa.

Nilitaka kukuandikia kama papa alisikia jina kwa mutu mwingine. Niliandika ile barua, nikaipasua. Kisha nikaandika kama hakusikia vizuri juu ya mvua. Ile pia nikaipasua. Unaona vile najua kupasua, papa alinifundisha.

Ndiyo. Nililisema.

Mvua ilianza, bote bakakimbilia chini ya shitingi, na ilikuwa ile ya bleu kabisa, ya bakimbizi, Madame Godelieve anainunuaka ku soko ya vitu ya zamani. Papa akabaki inje. Anasimama tu mu mvua, mita tano kutoka kwetu, na veste yake ya misa. Madame akamuita: "Jean-Baptiste, venez!" Akatikisa kichwa. Akamuita tena. Na mimi nilikuwa nimefurahi, Koko, siku yote ilikuwa muzuri, batu banamuita papa yangu maître, nilitafuta na mimi nichekeshe. Nikapaza sauti: "Bibi Arusi, ingia basi, arusi inakungoja!"

Nilisema mu Swahili. Pale kati ya bote ni papa peke yake angeweza kusikia maana yake. Aliniangalia. Si kasirani. Aliniangalia kama mutu anatafuta ule mwenye kumuita iko wapi, anaangalia nyuma yangu, huku na huku.

Ningeacha pale, ingebaki kwetu mbili. Nimefikiria sana hii. Ningeacha pale ningeweza kumuomba musamaha mu train, bila mutu kujua.

Lakini munganga wa meno akauliza: "Amesema nini?" Na bote bakanigeukia, banangoja, sura zabo tayari kucheka. Nikabatafsiria. Nikabaelezea mu Français, pole pole, neno kwa neno, vile ulivyoniandikia: mutoto wa miaka douze, shitingi ku kichwa, anaivuta nyuma. Na bakichelewa kuelewa, nikavuta pembe ya ile bleu nikaiweka ku kichwa yangu, nikatembea mbele yabo kama bibi arusi, napungia mukono. Bakacheka bote. Madame Godelieve peke yake hakucheka, juu ye alikuwa anamuangalia papa.

Papa alingoja nimalize. Kisha akachukua udongo na mikono mbili, akazima ule moto yake, akavaa viatu.

Nilikuandikia ni mvua. Haikuwa mvua.

Josias